Mwalimu, Umeshakufa Tayari?

Kwenye steji ya bodaboda ninayopandia karibu na Kondele, hapa Kisumu, kuna ubishi ambao haujaisha, na sioni ukiisha leo wala kesho: mechi ya Free Fire, ile gemu ya simu ya kupigana, ina urefu gani? Anayeuliza kwa mara ya kwanza hudhani ni swali la hesabu. Atajibiwa na watu watatu kwa mpigo. Wa kwanza atasema dakika kumi, maana ndivyo wenye gemu wenyewe wanavyoitangaza: dakika 10, kisiwa kimoja, wewe dhidi ya wachezaji 49. Wa pili atasema inategemea. Wa tatu hatasema kitu, kwa sababu ameshakufa na anatafuta mechi nyingine.

Mimi niko upande wa huyo wa tatu. Pale steji wananiita mwalimu, kwa kuwa ndiyo kazi yangu, na kila jioni ninapotoa simu swali ni lile lile, tena kwa sauti ya kunipigia hesabu: "Mwalimu, umeshakufa tayari?" Mara nyingi jibu ni ndiyo. Lakini kufa huko kwa haraka kumenifundisha jinsi gemu hizi zilivyojengwa kuliko mechi chache nilizowahi kuzifikisha mwisho.

Kwa ambaye hajacheza, nieleze upesi. Mnapakiwa kwenye ndege, inakatiza juu ya kisiwa kwa mstari ulionyooka, na kila mtu anaruka anapotaka. Unatua mikono mitupu. Bunduki, kofia ya chuma, fulana ya kuzuia risasi na dawa vimetapakaa ndani ya nyumba na maghala, mwahi ndiye wake. Anayebaki hai mwisho, yeye au kikosi chake, ndiye mshindi. Kwenye Free Fire skrini itamwandikia Booyah. Kwenye PUBG, gemu nyingine ya aina hii, ataahidiwa mlo wa kuku ambao hadi leo haujafika Kondele.

Sura ya mtindo huu tunayoijua leo inatokana kwa kiasi kikubwa na Brendan Greene, raia wa Ireland aliyekuwa akijiita PlayerUnknown. Alianza kwa kuchokonoa gemu za wenzake, ARMA 2 kisha ARMA 3, hadi PUBG ikatoka mwaka 2017. Mwaka huohuo Fortnite nayo ikafungua uwanja wake wa watu 100, na kabla mwaka haujaisha Free Fire ikawa kwenye simu. PUBG ya simu ilifuata 2018. Apex Legends ya 2019 iliridhika na watu 60; Warzone, Machi 2020, ikapakia 150. Kila mmoja alibadilisha idadi ya abiria na ukubwa wa kisiwa. Jambo moja hawakuligusa, nalo ni duara.

Duara ndilo lililoifanya gemu iwezekane. Waoga ni wengi kuliko mashujaa, na nasema hivyo nikiwa mmoja wa waoga. Watu mia wakilala vichakani, kila mmoja akimsubiri mwenzake asogee, mechi hiyo itakesha. Basi kuna mstari unaozunguka eneo salama, na baada ya muda unabana. Aliyebaki nje anapoteza uhai kidogo kidogo. Unabana tena, na safari hii maumivu ya nje ni makali zaidi. Mwishoni eneo linakuwa dogo kiasi kwamba hata mwoga analazimika kumtazama mwenzake usoni. Ndipo unapoelewa ile dakika 10 inatoka wapi: ni saa ya duara. PUBG kwenye kisiwa chake kikubwa saa hiyo inakwenda kama nusu saa. Hapo ndipo kikomo cha juu, na kimewekwa na wenye gemu. Kikomo cha chini hakuna aliyekiweka.

Hilo ndilo ninalojaribu kuwaambia pale steji. Mechi haina urefu wake. Ina mahali pa mwisho ambapo haiwezi kupita, na kabla ya hapo watu wenyewe ndio wanaoamua, tena wanaamua mapema sana, wakiwa bado hewani. Rubani hachagui mtu ashukie wapi. Wakiruka hamsini na kutawanyika, mmoja kwenye kibanda kando ya bahari, mwingine mlimani, mechi itatembea polepole hadi duara liwakutanishe. Wakiruka thelathini kati yao kwenye ghala moja, ndani ya dakika mbili zile herufi ndogo za pembeni zinazotangaza nani kamuua nani zinapita kwa kasi hadi huwezi kuzisoma.

Ukubwa wa ardhi nao una neno. Erangel, kisiwa cha kwanza cha PUBG, kina kilomita 8 kwa 8. Chukulia kutoka Dunga, pale ufukweni, mpaka hapa Kondele, kama ndege anavyoruka. Ukishapata urefu huo chora mraba. Ndani yake watie watu 100 tu. Ukigawa, kila mtu ana zaidi ya nusu kilomita ya mraba peke yake, shamba kubwa kuliko la mtu yeyote ninayemfahamu. Unaweza kutembea kwa dakika nyingi usisikie hata mlio. Kisha waliongeza Sanhok mwaka 2018, kilomita 4 kwa 4, na watu walewale 100, yaani eneo ni robo. Karakin ya 2020 ikawa 2 kwa 2, ikabidi hata watu wapunguzwe hadi 64. Kwenye simu mwaka huohuo ikaja Livik, nayo 2 kwa 2, watu 52, mechi ya kama robo saa. Kilomita mbili ni mwendo wa kutoka hapa mpaka soko la Kibuye na kuvuka kidogo. Tia watu 52 wenye bunduki kwenye mraba wa namna hiyo, kisha uniambie nani atapata nafasi ya kutembea.

Sasa niache visiwa, nimtazame mtu mmoja.

Yuko mwendeshaji pale steji ambaye simu yake ni ya RAM ya GB 2, ile Free Fire inayoikubali bila kinyongo, na nadhani hiyo ni nusu ya siri ya gemu hiyo kushika mitaa yetu kuliko zile nyingine. Kioo kimepasuka kuanzia pembe ya juu kushoto, na ufa unapita palepale ilipo ramani ndogo. Adui akitokea upande huo wa ramani, hamwoni. Kidole gumba anakipaka poda ya mtoto. Kikopo chenyewe kinakaa chini ya kiti cha pikipiki pamoja na karatasi za bima. Joto la Kisumu saa nane mchana halina mzaha, na kidole chenye jasho kinaganda kwenye kioo wakati ule hasa unapotaka kigeuke. Anacheza amekaa upande juu ya pikipiki. Sikio moja lina spika, lingine ameliachia mteja.

Na mteja huja. Mama mwenye gunia la sukuma wiki akiuliza tu "Mamboleo ngapi?", mechi imekwisha. Simu inaingia mfukoni ikiwa bado inawaka. Kule kisiwani, mtu wake anabaki amesimama katikati ya barabara, mikono kando, akitazama mbele, hadi mpita njia amkute au duara limpitie. Nimemwona akitoa simu tena baada ya kurudi, anaangalia nafasi aliyomaliza, anaguna. Mimi nilimwambia hizo ni mechi za kushindwa. Akakataa katakata. "Sikuuawa, mwalimu. Niliitwa kazini."

Tangu hapo siwezi kumwona adui aliyesimama wima uwanjani nisijiulize ni nani aliyemwita. Booyah mojawapo ninayoikumbuka niliipata hivyo. Tulibaki wawili, mimi nimejibanza nyuma ya jiwe huku moyo ukinienda mbio, yeye kasimama peupe karibu na gari bovu. Nilidhani ni mtego. Nilingoja, duara likabana, hakusogea. Nilipompiga hakugeuka. Huenda alitumwa maji. Ushindi ni ushindi, nikaupiga picha, lakini sikuutuma kwenye kundi la WhatsApp.

Turudi kwenye swali la mechi nzima. Je, inaweza kuisha haraka kiasi gani, si yangu, ya wote? Jibu linapatikana kwenye vyumba maalum, ambapo mwenye chumba anawaalika marafiki zake na kuweka masharti. Wachezaji wa Free Fire wana desturi yao ya kutua juu ya paa la Factory, kwenye ramani ya Bermuda, na kupigana ngumi. Hakuna bunduki. Aliyeokota bunduki na kuwapiga wenzake kutoka chini anachukiwa kuliko mwizi wa kuku. Juzi vijana wa mtaani walifungua chumba kama hicho, dau likiwa soda ya baridi, na nikaingia. Ndege ilipofika usawa wa Factory sote tuliruka, na kutoka juu ungeona parachuti zimejazana mahali pamoja. Niliyeshindana naye mwanzo sikumwona uso. Nilisukumwa na watu watatu nikapiga ngumi hewani. Paa lile halina kingo. Wengine walikufa bila kuguswa, walirudi nyuma hatua moja ya ziada. Duara lilikuwa bado halijaanza hata kubana mara ya kwanza na tayari tulishajua nani wa kununuliwa soda. Sehemu ndefu zaidi ya mechi ile ilikuwa kukaa ndani ya ndege.

Kwa hiyo anayesema dakika kumi anasema kweli, na aliyekufa hewani anasema kweli.

Hapa ualimu unanishika, mnivumilie. Katika mechi ya watu 50 wanaocheza kila mtu kivyake, vifo vinavyoweza kutokea ni 49. Vigawe kwa watu 50. Mchezaji wa wastani anaua chini ya mtu mmoja. Hata kwenye uwanja wa watu 100 ni hivyohivyo, 99 kwa 100. Na baadhi ya vifo hivyo ni vya duara au vya kuanguka kutoka juu ya paa, havina muuaji. Kijana anayejilaumu kwa kufa bila kuua hata mmoja yuko na umati. Wale walioua watu kumi kwenye mechi moja wamewanyang'anya wengine sehemu yao.

Tena angalia mapambano yenyewe. Tuseme kila unapokutana na mtu una nafasi sawa na yeye, nusu kwa nusu. Ukipambana mara moja, umebaki na nusu. Mara mbili, robo. Mara tano, takriban 3 kwa 100. Anayetua penye watu wengi huwa amekubali mapambano matano kabla hajapata hata kofia ya chuma. Hajacheza vibaya akifa. Hesabu imefanya kazi yake. Yule aliyejificha akapambana mara moja tu mwishoni ana nafasi kubwa zaidi, ingawa hana stori ya kusimulia.

Kuna kitu kimoja kinachowachanganya wanaoanza. Mwanafunzi wangu mmoja aliyemaliza darasa la nane zamani alinijia na malalamiko kwamba amezorota. Wiki za mwanzo alikuwa anafika kumi bora kila mara, sasa anakufa mapema. Hakuzorota. Gemu hizi za simu huwajaza wageni kwenye mechi zenye maroboti, wachezaji wa kompyuta wanaokimbia wima na kupiga risasi kando yako kama wanaoogopa kukuumiza. Ukishapanda daraja, maroboti yanapungua na mahali pao wanaingia binadamu wenye hasira zao. Mechi zake zilifupika kwa sababu amekuwa bora. Nilimweleza hivyo, akanitazama kama ninayemfariji baada ya mtihani.

Halafu kuna vifo ambavyo si vyako wala vya adui. Seva, zile kompyuta kubwa zinazoendesha mechi, hazipo Kisumu. Unapobonyeza kitufe cha risasi, habari hiyo inatoka hapa, inapita nchi kavu hadi Mombasa, inaingia baharini. Nyaya za chini ya bahari za SEACOM na TEAMS zilifika Mombasa mwaka 2009, na kabla yake michezo hii ya papo kwa papo kwetu ingekuwa ndoto. TEAMS inakwenda mpaka Fujairah kwenye Falme za Kiarabu, karibu kilomita 5,000. Mwanga ndani ya kioo cha waya unakwenda kama kilomita 200,000 kwa sekunde. Piga hesabu: milisekunde 25 kwenda, 25 kurudi, na hapo hujahesabu mnara wa simu, vituo vya njiani, wala mwendo wa kutoka Fujairah hadi ilipo seva yenyewe. Hakuna kampuni ya simu, hata iwe na mabango makubwa namna gani, inayoweza kuipiku kasi hiyo.

Matokeo yake unayajua kama umewahi kucheza. Umekimbia, umeingia nyuma ya ukuta, uko salama kabisa, kisha unaanguka. Mtazamo wa seva ni kwamba risasi ilikupata ukiwa bado nje. Habari za kuingia kwako nyuma ya ukuta zilikuwa njiani. Kwa kipindi hicho kifupi ulikuwa maiti inayotembea bila kuambiwa. Pale steji wanakiita kifo cha mtandao na hakihesabiwi kwenye ubishi, sheria ambayo kila mtu huitumia kupita kiasi. Stima ikipotea na ruta ya jirani ikazima, hicho nacho hakihesabiwi.

Wanaochukia mechi fupi kuliko wote ni wapanda daraja. Mechi za daraja zinakupa alama kwa kubaki hai muda mrefu na zinakukata ukifa mapema, kwa hiyo mtu anayetafuta kufika Heroic, mojawapo ya madaraja ya juu, huruka mwisho kabisa, anatua mahali ambapo hata mbuzi hawafiki, anaingia chooni na kufunga mlango. Sina ugomvi naye, ingawa namwonea huruma. Nimewahi kucheza hivyo likizo moja nzima na nilipata daraja, ila ungeniuliza nilifanya nini mchana kutwa ningekosa la kusema. Na kifo chake kinauma vibaya. Aliyekufa dakika ya kwanza amepoteza dakika moja. Kidole kinabonyeza, ndege nyingine inaondoka. Aliyekufa wa pili kati ya hamsini, baada ya kulala majanini mechi nzima akiwaza moyoni kwamba leo ni leo, huyo utamsikia mpaka ng'ambo ya barabara. Mimi nachagua kufa kwa kwanza. Bando ni hoja dhaifu hapa, maana mechi yenyewe inakula data kidogo sana. Kinachomaliza bando ni masasisho, na hayo hayajali umekufa saa ngapi.

Vijana wadogo wa pale steji, wale wanaokuja kukaa tu, siku hizi wameachana na ndege. Wanacheza Clash Squad, mchezo mwingine ndani ya Free Fire hiyohiyo, wanne kwa wanne, uwanja mdogo, raundi fupi fupi, bunduki unanunua mwanzoni mwa raundi badala ya kuitafuta. Ukifa unasubiri kidogo tu, raundi nyingine inaanza. Wananiambia kisiwa ni cha wazee. Kwa mwendo wa mechi wako sahihi: kule kwao hakuna kutembea, hakuna chooni.

Mwenye simu iliyopasuka hataki kusikia habari hiyo. Nilimuuliza kwa nini, maana ndiye ningedhani mechi fupi zinamfaa. Akanieleza akiwa anapangusa poda kwenye suruali. Kwenye Clash Squad una wenzako watatu. Mteja akija, ukaweka simu mfukoni, umewaacha wawe watatu kwa wanne, na wawili kati yao wanakaa ploti ileile unayokaa wewe, watakuja usiku kukudai. Kisiwani anaruka peke yake. Akiitwa Mamboleo, Nyalenda, hata Ahero, anaondoka bila kumkosea mtu.

"Hapo sina deni na mtu, mwalimu," alisema, akaingiza simu mfukoni na kupiga kiki. "Sasa wewe unapanda ama unaandika?"